Leena Hakkarainen Hakupamba Jukwaa

"Kwa miaka ishirini na moja Leena ametupambia jukwaa. Sasa mapambo hayo yatafanywa na mashine, kwa haraka na kwa usafi zaidi."

Maneno hayo yamo katika ukurasa wa kwanza wa jarida letu la mwezi huu, chini ya picha ya mwenyekiti wa bodi, Bw. Fanuel Makungu, akitabasamu kando ya projekta. Nimeyasoma zaidi ya mara moja nikitafuta ukweli ndani yake, na nimeupata: miaka ni ishirini na moja kweli. Kilichobaki ni upuuzi wa mtu anayekaa safu ya mbele, akatazama simu yake mpaka mchezo uishe, kisha akapanda jukwaani kutushukuru kwa niaba ya sanaa.

Leena Hakkarainen, mbunifu wa jukwaa na mavazi wa Jukwaa la Vale, kikundi chetu cha maigizo cha Wakongo na Wakenya, anastaafu leo, Ijumaa tarehe 28 Novemba, akiwa na umri wa miaka sitini na saba. Alianza kazi nasi mwaka 2004. Jumanne ijayo bodi itapigia kura pendekezo la Bw. Makungu: karakana ya mavazi ifungwe, nafasi ya mbunifu ifutwe, na Mireille Nabintu, ambaye amefanya kazi bega kwa bega na Leena kwa zaidi ya miaka kumi, aombwe "kuendelea kujitolea pale atakapohitajika". Keki ya sherehe ya leo na kura ya Jumanne ni kitu kimoja. Tumealikwa kula keki ili tusiulize habari za kura. Basi tule, na tuulize.

Leena alizaliwa Kajaani, Ufini. Kila aliyewahi kumtambulisha kwenye sherehe zetu amesema kwamba mama huyu katoka nchi ya theluji, kisha akanyamaza kidogo kungoja vicheko, kana kwamba shahada yake aliipata katika somo la baridi. Ukweli ni kwamba alisomea ubunifu wa jukwaa Helsinki, akafanya kazi katika majumba ya maigizo ya kwao, na mwishoni mwa miaka ya themanini akaja Birmingham, Uingereza, kuchorea jukwaa kubwa la mjini. Huko alijenga ngazi ya mbao iliyozunguka ikiwa imebeba kwaya nzima huku ikiimba, na hakuna mwimbaji aliyeanguka, jambo ambalo bodi yetu haijaweza kulifanikisha hata kwa viti vya plastiki.

Huko mjini aliondoka kwa hiari yake. Alichoshwa na sentensi moja aliyokuwa akiambiwa kila alipotaka muda zaidi wa kushona pindo sawasawa: watazamaji hawataona. Jibu lake lilikuwa lilelile kila mara, na baadaye tulilizoea sote: mwigizaji anaona. Mtu aliyevaa shati lenye kola ya uongo anajua shingoni mwake kwamba ni ya uongo, na akijua, anaanza kuigiza.

Kwetu aliletwa na Francine, mama wa Kikongo ambaye wakati huo alikuwa jirani yake wa ukuta kwa ukuta mtaani Acocks Green. Francine alikuwa akiisikia cherehani ya Leena ikilia upande wa pili, na Pasaka ilipokaribia akaenda kubisha hodi kuiazima, maana kanisa lilikuwa linaandaa mchezo wa mateso ya Bwana. Leena haazimishi cherehani. Aliifuata mwenyewe hadi ukumbini kwetu, mtaa wa Castle Vale, akawakuta askari wa Kirumi wamevaa kanzu za kuogea, na vichwani kofia zenye shungi jekundu la manyoya magumu yaliyosimama wima.

"Hii ni nini?" akauliza, akiigusa kofia ya jemadari.

"Brashi ya choo," Francine akamjibu. "Lakini iko mupya, Mama. Tulinunua leo."

Leena alicheka mpaka akakaa chini kwenye ukingo wa jukwaa. Wanaomfahamu wanajua kwamba hilo peke yake ni tukio la kihistoria. Kisha akaomba mkasi. Kanzu za kuogea zilikwenda zote, lakini brashi alizikataza zisiguswe. Alisema kwamba katika jukwaa lile zima brashi ndicho kitu pekee ambacho mtu alikuwa amekifikiria. Kwa hiyo Jukwaa la Vale lilianzia kwenye brashi ya choo, na wale wanaotaka historia yetu ianze na mpango mkakati watanisamehe.

Sasa nieleze jambo ambalo Bw. Makungu hajawahi kulielewa, ingawa limekuwa likitendeka mbele yake kwa miaka yote hii.

Mwaka wa tatu wa Leena tuliigiza mchezo wa harusi ya Bukavu. Leena alikata vitambaa vya aina mbili, bluu kwa ukoo wa bwana harusi na rangi ya chungwa kwa ukoo wa bibi harusi. Hadi hapo yuko sawa, maana kwa Wakongo harusi ina vitenge viwili, wao huviita vikwembe, na kikwembe ulichofunga ndicho kinachosema wewe ni wa nani. Lakini Leena, kwa jicho lake la mchoraji, akataka mama wa bibi harusi aonekane mpweke. Akamvika bluu. Katika mchoro ilipendeza sana: mama mmoja aliyezama katika rangi ya watu wengine, anampoteza binti.

Aliyecheza mama ni Jepchirchir, muuguzi, mtu wa Eldoret. Alipewa bluu, akavaa bluu. Katika kwaya zote alizowahi kuimba, watu hushonewa kitambaa kimoja na hakuna anayeuliza ni cha upande gani. Na kwa kuwa kila mwigizaji alipimiwa nguo zake peke yake, Wakongo wa kikundi hawakumwona ndani ya bluu hiyo mpaka alipotokea mbele ya watu siku ya kwanza.

Bibi harusi akaanza kuaga. Tulitazamia machozi. Ukumbi ukaanza kuguna, halafu kucheka. Katikati ya kicheko sauti ya Dative, aliyekuwa amekaa na akina mama wa kanisa lake, ikasikika wazi: "Mama ya bibi-arusi anavala kikwembe ya bale bengine. Ameshahamia kwa bakwe?"

"Muache," akajibiwa na mwenzake. "Labda bamemulipa."

Nyuma ya pazia Jepchirchir alikuwa anajitetea. "Mimi niliambiwa ni sare, nikavaa sare," alimwambia kila aliyepita.

Nawajua wabunifu ambao, baada ya siku kama hiyo, wangeandika maelezo ya nusu ukurasa kufafanua maana ya bluu. Birmingham imejaa watu wanaofafanua. Leena alikwenda moja kwa moja kwenye meza ya chai, akamkuta Dative na kikombe mkononi.

"Panda jukwaani, unionyeshe," akamwambia.

"Saa hii? Chai yangu itapoa."

"Njoo na chai."

Dative akapanda na chai. Alianza na mama wa bibi harusi, akaendelea na shangazi, akaenda kwa mjomba, na hakumaliza haraka. "Na huyu, bibi ya mujomba, amefunga kilemba kama anaenda shamba. Nani amemufunga?" Leena alikuwa amemfunga. Alifungua kilemba, akampa Dative, akapiga magoti kuangalia mikono yake inavyofanya kazi.

Tangu siku hiyo hatujafungua mchezo wowote bila Kusimama, na kwa mgeni aliyealikwa leo nitaeleza ni kitu gani. Jumapili moja kabla ya mchezo kufunguliwa, ibada zikiisha, waigizaji husimama jukwaani wamevaa kila kitu, taa zote zikiwaka, midomo imefungwa. Watu wa makanisani na wa mitaani hupanda na kutembea kati yao. Wanavuta pindo, wanageuza kola, wanafungua pochi kuona kama ndani mna kitu. Vilevile hukalia viti na kufungua madirisha ya nyumba iliyojengwa. Habari za hadithi haziruhusiwi, ni nguo na vitu tu. Mwigizaji haruhusiwi kujibu. Na Leena huwa chini, magotini, pini zimejaa mdomoni, na alikuwa na sababu yake. "Nikiwa na pini mdomoni siwezi kujitetea," alisema.

Wakenya, waliokuwa wakijiona kuwa watu wasiojali nguo, wakageuka kuwa wakali kuliko wote. Mumbua, anayehudumia wazee na aliyekulia Machakos, alikuja mara ya kwanza kumtazama tu rafiki yake. Akasimama mbele ya mwigizaji aliyevaa kama mwanafunzi wa shule ya msingi, akatikisa kichwa. "Sweta ya shule haivaliwi hivyo. Kufikia saa nne imefungwa kiunoni, na mkono mmoja umetafunwa." Leena akatoa pini mdomoni, jambo la nadra, akauliza ni mkono upi. "Wa kushoto. Wa kulia unaandika." Sweta ikatafunwa mkono wa kushoto.

Hayo ndiyo Bw. Makungu anayoyaita mapambo. Pambo ni kitu unachoweza kukiondoa na nyumba ikabaki nyumba. Nimpe mfano, na nauchagua kwa makusudi mmoja ambao hakuna rangi ndani yake.

Tulikuwa na mchezo kuhusu familia inayofika Castle Vale katika majira yake ya kwanza ya baridi. Leena alikuwa amezunguka kwenye maduka ya nguo za mitumba, akapata makoti ya kijivu na ya kahawia, akayachakaza vizuri. Siku ya Kusimama, Francine akasimama mbele ya Valère, aliyecheza baba wa familia, akamwinua mkono. "Hapana. Ile siku hakuna mutu alipata koti ya kipimo yake. Mukono ilifika huku." Akaonyesha kidole kizima kupita ncha ya vidole vya Valère. Akina mama waliokuwa nyuma yake wakaitikia kwa koo, ile sauti ya watu wanaokumbuka kitu kimoja kwa wakati mmoja.

Leena akambadilishia koti. Jumatano, siku ya kufungua, ofisa wa kugawa nyumba katika mchezo akanyoosha mkono kumsalimia baba. Valère naye akanyoosha wake, lakini mkono ulikuwa umepotelea ndani ya koti. Akautafuta. Ofisa akangoja, kisha akaurudisha wa kwake mfukoni. Hakuna mtu aliyeandika kitendo hicho. Ukumbi ulinyamaza namna ambayo kikundi hiki hakijawahi kunyamaziwa. Pale pale palikuwa na hotuba ya ukurasa mzima kuhusu fedheha ya ukimbizi. Ilikatwa usiku uleule na hakuna aliyeililia.

Nionyesheni pambo linaloweza kukata hotuba.

Naujua pia ugonjwa ambao neno pambo limetokana nao. Kila tunapofungua mchezo hufika watazamaji kadhaa kutoka mtaa wa Moseley, watu wema, wenye skafu nzuri, ambao huja kutafuta rangi. Wakiipata wanatuambia kuwa Afrika ina furaha. Mchezo wa makoti uliwaacha na njaa. Mmoja wao alimfuata Leena mlangoni akamwuliza kwa upole rangi zetu zimekwenda wapi safari hii. "Ilikuwa Januari," Leena akasema, akaendelea kukunja makoti. Bw. Makungu, aliyekuwa karibu, alimwomba yule mgeni radhi. Hebu lifikirieni hilo: mwenyekiti wa Jukwaa la Vale anaomba radhi kwa sababu wakimbizi wetu hawakumetameta.

Na mashine je? Haya, tuzungumzie mashine, maana tulikwisha kuijaribu.

Majira ya kuchipua yaliyopita bodi ilikubali mchezo mmoja ufanywe kwa skrini. Hadithi ilikuwa ya familia inayoishi kando ya Ziwa Kivu. Leena aliambiwa ashughulike na nguo tu, ukuta wa nyuma usimhusu. Picha ya ziwa ilinunuliwa mtandaoni na ikafika siku ya kufungua, alasiri, kwa hiyo Jumapili ya Kusimama waigizaji walisimama mbele ya kitambaa cheupe, na watu hawakuwa na cha kugusa. Emery, aliyekodiwa kuendesha projekta, simlaumu. Alibonyeza alichopewa.

Taa zikazimika, ziwa likawaka. Maji yalikuwa matulivu na ya kupendeza, na ufukwe mzima ulikuwa umejaa misonobari iliyochongoka, myeusi, imepangana kama meno ya msumeno. Mbele yake mwigizaji akaketi na kuanza kumenya mihogo.

"Kivu imeota misonobari tangu lini?" mtu akauliza kutoka gizani.

"Hii njo maendeleo, mama. Tulia."

Pembeni mwa jukwaa Leena alikuwa ameshika pasi. Aliitazama picha ile, akasema kwa Kiswahili chake, kile anachokikazia mwanzoni mwa kila neno: "Hapo si Bukavu. Hapo ni kwetu."

Wakati wa mapumziko watu watatu walimfuata mwenyekiti kumweleza. Nilikuwepo, na jibu lake naliweka hapa kama alivyolitoa, kwa sababu linastahili kuhifadhiwa: "Ziwa ni ziwa. Watu wamekuja kwa ajili ya hadithi." Nusu ya ukumbi ule ilizaliwa kando ya ziwa hilo. Wako waliozika watu wao juu ya vilima vyake. Mtu anayeweza kuwaambia kwamba ziwa ni ziwa angeweza pia kuwaambia kwamba mama ni mama, akawapa wa jirani.

Sina ugomvi na projekta. Leena mwenyewe alishawahi kutumia mwanga ukutani, na mvua aliyotufanyia kwa taa moja na sahani ya maji bado inasimuliwa. Shida ni kwamba kitu kinachofika siku ya kufungua hakiwezi kukataliwa na mtu yeyote. Hakishikiki, hakigeuzwi kola, hakina pindo la kuvuta. Dative hawezi kupanda na chai yake akakionyesha kidole. Na ninashuku kuwa kwa Bw. Makungu hiyo ndiyo raha yake. Amechoka na jukwaa ambalo akina mama wanalipanda kila Jumapili kusema hapana.

Leena si malaika, na ningekuwa mnafiki kumfanya malaika kwa sababu ya keki. Ni mkaidi kupita kiasi. Aliwahi kuifungia nje kwaya nzima kwa ajili ya viatu vinavyong'aa, na kwaya ikaimba wimbo wa kwanza ikiwa uani, mlango umefungwa, na yeye ndani anasema anaipenda zaidi hivyo. Akikuchoma na pini hasemi pole, husema "simama wima". Mfadhili mmoja alipotaka mavazi ya pundamilia kwenye mchezo kuhusu wauguzi, Leena alimwuliza kama pundamilia huyo ana zamu ya asubuhi au ya jioni. Ufadhili huo hatukuupata. Kahawa yake haiwezi kunywewa na mtu mwenye moyo dhaifu. Na wachungaji waliozoea kuazima kanzu za malaika kila Krismasi na kuzirudisha zikinuka pilau wanajua alichowafanyia: mwaka mmoja aliwaazimisha kanzu zilezile bila kuzifua.

Kati ya mambo yote aliyofanya hapa, lililo kubwa ni Mireille.

Mireille Nabintu alikuwa fundi cherehani Uvira kabla ya kuwa mkimbizi, na alipofika Birmingham akawa mhudumu wa zamu katika nyumba ya wazee. Alikuja kwenye Kusimama kama mtu mwingine yeyote. Akageuza mkono wa gauni, akautazama mshono kwa ndani, akasema bila kuinua sauti, "Huu mushono ni wa mutu mwenye haraka." Mshono ulikuwa wa Leena. Leena akatoa pini mdomoni, akampa sindano. "Basi shona wewe."

Alianza kwa kujitolea, kama wengi wetu. Baadaye akalipwa kwa siku mbili za wiki, akapunguza zamu zake kule kwa wazee. Mavazi ya michezo mitatu iliyopita ameyabuni yeye, kuanzia mchoro wa kwanza hadi kifungo cha mwisho, na nyumba ya mchezo wa mwisho aliijenga yeye na Leena kwa plaiwudi waliyoikata wenyewe. Leena aliomba jina la Mireille liwekwe kwenye programu mahali pa lake. Bw. Makungu akasema litazingatiwa. Kwenye bodi yetu neno hilo lina kazi moja, nalo ni kufukia vitu vikiwa hai. Programu zote tatu zilitoka na jina la Leena, na Leena akawa anapita baada ya mchezo, mlangoni, akiwaambia watu mmoja mmoja kwamba kilichoandikwa si kweli.

Hoja ya mwenyekiti ni kwamba Mireille hana cheti. Kwamba anayo macho, mikono na miaka kumi mbele ya mwalimu bora kuliko wale ambao wengi wanaokwenda vyuoni huwapata, hilo halina muhuri, kwa hiyo halipo. Ajabu ni kwamba kampuni iliyouza ile picha ya misonobari haikuombwa cheti cha kuwahi kuiona Kivu. Leena, ambaye cheti anacho, aliketi mbele ya bodi mwezi wa tisa na kusema kwamba nafasi hii ni ya Mireille, na kwamba kama hawamtaki Mireille basi hawakuwahi kumtaka yeye. Akaambiwa litazingatiwa.

Nilimwuliza Mireille wiki hii anasemaje kuhusu kujitolea. Alikuwa anapiga pasi koti, hakuacha. "Miye sikatai kujitolea. Nilijitolea wakati nilikuwa najifunza. Sasa niko fundi. Fundi anaandikwa kazi." Karakana ikifungwa atarudi kwenye zamu kamili. Meneja wake kule kwa wazee amekwisha kumwuliza, na anataka jibu wiki ijayo. Akirudi, hatutampata tena, na Kusimama itakwisha, maana hakuna atakayepiga magoti. Watakaokuja baada yetu watasimama mbele ya ukuta unaong'aa, wamevaa nguo za kukodi zilizopimwa kwa mwili wa mtu mwingine, na wataambiwa kwamba watazamaji hawataona.

Mama Leena, watu wanakuuliza siku hizi unarudi lini nyumbani, na umekuwa ukiwajibu kwamba unarudi kila jioni, kwa basi, Acocks Green. Endelea kuwajibu hivyo. Tunakushukuru kwa kutupima mmoja mmoja bila huruma, na kwa kukubali kuambiwa umekosea na watu ambao mji huu ulikuwa haujawauliza maoni yao juu ya chochote. Miaka iliyo mbele yako iwe mirefu na yenye afya, magoti yapone, na ukae safu ya nyuma ukiguna kama sisi wengine.

Yaliyobaki ni ya watu watatu. Bodi ina viti vitano, na vitatu kati ya hivyo vimekaliwa na Dative, Valère na Jepchirchir. Dada Dative, wewe ndiye uliyepanda na chai. Ndugu Valère, koti lile ulilivaa wewe. Dada Jepchirchir, ulichekwa na ukumbi mzima, na baada ya hapo hukuchekwa tena hata mara moja, na unajua ni kwa nini. Mwenyekiti hawezi kupitisha chochote bila mkono wa mmoja wenu. Jumanne kataeni pendekezo lake, na kabla hamjainuka vitini mwandikeni Mireille Nabintu kazi, kwa cheo kilekile na kwa jina lake kwenye programu. Na kama kati yenu yuko asiyekusudia kufanya hivyo, namwomba leo, Leena atakapoitwa mbele, asipige makofi.